Mnyamazi utameza sauti ipi?

SWALI: Shikamoo mwalimu. Naandika riwaya kuhusu visiwa ambavyo havipo duniani. Baharini kwao kunaota mmea niliouita mnyamazi. Mmea huu unameza sauti, na sauti hiyo ndiyo chakula chake. Wapiga mbizi wanapita ndani yake bila kusikika, matajiri wanatandika majani yake makavu kwenye kuta za vyumba vyao ili siri zisitoke, na maharamia wanauiba usiku. Rafiki yangu amesoma sura mbili akasema mmea kama huo hauaminiki hata katika hadithi. Je, ni kweli? Na kama unawezekana, ungefaa kwa matumizi gani mengine? (Msomaji, Tanga)

JIBU: Marahaba, mwanangu. Mwambie rafiki yako asubiri kidogo. Miaka mingi ya kazi yangu nimeipitisha nikishusha maikrofoni za majini kando ya miamba na juu ya nyasi bahari za pwani yetu, na mimea inayopunguza sauti chini ya maji ipo. Ila haimezi kila sauti, wala haimezi saa zote. Wewe umeupa mnyamazi uwezo wote na hujaupa hata udhaifu mmoja. Nadhani hapo ndipo rafiki yako alipokwama, ingawa hakulisema hivyo.

Tuanze na jani lenyewe. Jani bichi, hata likiwa nene kama kiganja, haliisumbui sauti iliyo majini. Nyama yake ni maji kwa sehemu kubwa, na sauti ikitoka kwenye maji ikaingia kwenye kitu kinachofanana na maji hupita tu, haikuti ukuta wala mlango. Kinachoisumbua ni hewa. Sauti ya majini ikigonga mpaka wa maji na hewa, karibu yote hurudi ilikotoka. Inayovuka ni kama sehemu moja kati ya elfu. Ndiyo maana ukizama unaacha kuwasikia wenzako wanaokuita ufukweni, lakini injini ya boti iliyo mbali unaisikia kana kwamba inakupitia kichwani.

Basi mnyamazi lazima uwe na hewa mwilini, na hilo si geni baharini. Nyasi bahari zina mirija ya hewa inayoshuka kutoka kwenye majani hadi mizizini, kwa kuwa tope la chini halina oksijeni na mizizi haina budi kupelekewa. Mwani wa kahawia unaotupwa pwani na mawimbi, ule ambao wataalamu wanauita Sargassum, una vibofu vidogo kama punje za pilipili manga, na watoto hupenda kuvipasua kwa vidole. Kwenye pwani ya Pasifiki ya Amerika Kaskazini kuna mwani mwingine, Nereocystis, wenye shina refu la makumi ya mita linaloshikiliwa wima na kibofu kimoja kikubwa. Gesi ya kibofu hicho ina monoksidi ya kaboni ndani yake, gesi ile ile inayoua watu waliolala na jiko la mkaa madirisha yakiwa yamefungwa. Hiyo ichukue kama zawadi: ghala lililojaa vibofu vibichi, milango imefungwa, na mharamia aliyejibanza humo usiku kucha.

Sasa njoo kwenye kiputo, maana hapa ndipo mmea wako unapopata tabia. Kiputo cha hewa ndani ya maji ni kama springi. Wimbi la sauti likikibana kinanywea, likikiachia kinatanuka, na kina mwendo wake kinachoupenda. Mwaka 1933 Marcel Minnaert, mwanasayansi Mbelgiji aliyefanya kazi Utrecht, Uholanzi, alionyesha kwamba mwendo huo unategemea ukubwa wa kiputo. Mwendo huo tunaupima kwa hezi, yaani idadi ya mitetemo kwa sekunde moja. Karibu na uso wa bahari, kiputo ambacho kutoka katikati hadi ukingoni ni milimita 1 huitikia sauti ya takriban hezi 3,260, sauti nyembamba kama ya filimbi. Cha sentimita 1 huitikia takriban hezi 326. Kikiwa kikubwa kama mpira wa miguu, kinaitikia mngurumo wa hezi 30 hivi, ambao sikio la binadamu linaukamata kwa shida. Sauti inayolingana na kiputo hukitikisa kwa nguvu. Sehemu yake hutawanyika ovyo, na sehemu hugeuka joto dogo sana kwenye gesi na kwenye ngozi inayoizunguka. Ukitaka mnyamazi umeze zaidi ya kutawanya, upe ngozi nene yenye ute mzito. Mwani wenye ute unaujua, huna haja ya kubuni.

Kwa hiyo swali la kwanza la kujiuliza kabla hujaandika sura nyingine ni hili: vibofu vya mnyamazi vina ukubwa gani? Tuseme ni kama zabibu. Basi vitameza mgongano wa makasia, nyundo ya fundi anayetoboa merikebu kwa chini, mnyororo wa nanga. Haviwezi kumeza mngurumo mzito wa nyangumi. Huo utapita kama hakuna mmea. Na pomboo? Pomboo hutafuta samaki kwa milio ya zaidi ya hezi 100,000, na kiputo kinacholingana na mlio huo ni chembamba kuliko unywele. Kwa pomboo, msitu wa vibofu kama zabibu ni ukuta unaong'aa. Hatamwona mpiga mbizi aliye nyuma yake, lakini atajua kabisa kwamba kuna ukuta. Unaona tayari umepata aina mbili za mnyamazi, wa vibofu vikubwa na wa vibofu visivyoonekana kwa macho, na watu wa visiwa vyako watakuwa na majina mawili, bei mbili na ugomvi juu ya upi ni wa kweli.

Halafu kuna saa. Mwaka 1999, kwenye kisiwa cha Ustica nchini Italia, Jean-Pierre Hermand na wenzake walirusha sauti juu ya shamba la nyasi bahari aina ya Posidonia, wakaisikiliza upande wa pili mchana na usiku. Sauti ilibadilika kwa kufuata jua. Mchana mimea ilipokuwa ikitengeneza oksijeni, gesi ilijaa ndani ya majani na viputo vikatokea nje yake, na sauti ikadhoofika. Giza lilipoingia hali ikageuka. Kama mnyamazi wako unaishi kwa jua, basi umekomaa kwa ukimya wakati wa alasiri, na kabla ya alfajiri ni dhaifu kuliko wakati wowote. Maharamia wako hawana sababu ya kuja usiku. Waache waje saa tisa mchana jua likiwaka, walinzi wakiwa wamesinzia kwa joto, na bahari ikiwa bubu.

Na kuna maji kupwa na kujaa. Pwani yetu wakati wa bamvua, siku za mwezi mwandamo na mwezi mpevu, maji hupanda na kushuka takriban mita 4, na kila mita inaongeza mgandamizo unaobana vibofu. Kibofu laini kilichokuwa mita 2 chini ya maji, maji yakijaa hadi mita 6, sauti kinayoipenda hupanda karibu robo. Maana yake mnyamazi ule ule unameza sauti moja maji yakiwa yamekupwa na sauti nyingine yakiwa yamejaa. Nahodha mzoefu katika riwaya yako hatauliza tu mmea uko wapi. Atauliza mwezi una siku ngapi.

Hilo la mmea kula sauti naomba uliache, mwanangu. Sauti ni kubwa masikioni lakini ni ndogo mno kwa nguvu. Mtu anayezungumza kawaida anatoa sauti yenye nguvu ya kama wati moja iliyogawanywa mara 100,000. Mji mzima wa watu 100,000 wakizungumza kwa pamoja hawafikishi zaidi ya wati moja. Jua la adhuhuri linatua karibu wati 1,000 kwenye kila mita moja ya mraba. Mmea unaotegemea kelele ungekufa njaa katikati ya soko la samaki.

Lakini swali lililo nyuma yake ni zuri: mmea ufaidike nini kwa kumeza sauti? Kisiwani Borneo kuna mmea unaoitwa Nepenthes hemsleyana, wenye majani yaliyojikunja kama mitungi. Mtungi wake una umbo linalorudisha milio ya popo vizuri, popo wanaupata kwa urahisi, wanalala ndani, na kinyesi chao kinakuwa mbolea ya mmea. Geuza kisa hicho. Samaki wadogo wanawindwa na pomboo kwa mwangwi. Mnyamazi wenye viputo vyembamba unaufuta mwangwi huo, samaki wanakimbilia humo kwa maelfu, na uchafu wao unarutubisha mmea katika bahari isiyo na rutuba. Hakuna uchawi hapo, ni biashara. Hata nchi kavu wapo wanaoishi kwa kuumeza mwangwi: nondo mkubwa wa Afrika, Bunaea alcinoe, ambaye viwavi wake wanaliwa Kongo, ana magamba madogo juu ya mabawa yanayopunguza mlio wa popo ili asionekane gizani. Mnyamazi wenye samaki wengi utakuwa na nguva pia wakinyonyesha pembezoni, na hapo tayari una mgogoro kati ya wavuvi na wavunaji bila kumleta mharamia hata mmoja.

Sasa matumizi ya nchi kavu, ambako umekosea jambo moja ambalo karibu kila mtu hulikosea. Kumeza sauti na kuizuia ni mambo mawili. Jani kavu halina tena vibofu vinavyotetemeka majini. Linafanya kazi kama pamba au sufi, hewa ikisuguana na nyuzi nyingi hadi sauti inachoka. Chumba kilichotandikwa majani hayo kitapoteza mwangwi, maneno yatakuwa karibu na makavu, lakini jirani aliyebandika sikio ukutani ataendelea kusikia. Anayezuia ni uzito. Kuta za Mji Mkongwe wa Unguja, mawe ya matumbawe na chokaa yenye unene wa nusu mita na zaidi, zinazuia sauti kuliko godoro lolote. Tajiri wako mwenye akili atajenga ukuta mzito nje na kutandika mnyamazi ndani. Tajiri mshamba atatandika mnyamazi peke yake juu ya makuti, atazungumza siri zake kwa kujiamini, na kesho yake mji mzima utazijua.

Unene pia una hesabu yake. Nyuzi zinafanya kazi vizuri zikifikia karibu robo ya urefu wa wimbi la sauti. Sauti ya hezi 1,000 hewani ina wimbi la sentimita 34, kwa hiyo tabaka la sentimita 8 au 9 linatosha. Ngoma nzito ya hezi 100 inataka sentimita 85. Ndani ya chumba kile kile, mnong'ono utakufa na ngoma itavuma. Mimi ningeandika mfalme anayejua hilo, ambaye amri zake za siri hazitamkwi kamwe. Zinapigwa kwa ngoma.

Kama unataka kipimo cha kuuzia, kipo cha kweli na kizuri. Mwaka 1895 Wallace Sabine wa Chuo Kikuu cha Harvard alipewa kazi ya kuurekebisha ukumbi wa mihadhara ambao neno moja lilivuma humo kwa zaidi ya sekunde tano. Alifanya kazi usiku, mji ukiwa umetulia, akiwa na bomba la kinanda, saa, na mito ya viti aliyoibeba kutoka ukumbi wa jirani. Kila alipoongeza mito, mvumo ulipungua. Mwishowe alichagua kipimo ambacho hakina mpinzani: dirisha lililo wazi, kwa kuwa sauti ikitoka dirishani hairudi. Wafanyabiashara wa visiwa vyako wanaweza kuuza mnyamazi kwa "madirisha". Mzigo huu ni madirisha kumi, ule ni saba, na aliyechanganya majani ya kawaida atajulikana pale mnunuzi atakapopiga kofi moja chumbani.

Usidhani natunga peke yangu kuhusu majani makavu. Mwishoni mwa karne ya 19 kampuni ya Samuel Cabot mjini Boston ilianza kushona majani makavu ya nyasi bahari aina ya Zostera kati ya karatasi mbili ngumu, ikayauza kama blanketi la kuwekwa ndani ya kuta na sakafu, kwa ajili ya joto na kwa ajili ya sauti. Kwenye kisiwa cha Læsø nchini Denmark watu waliezeka nyumba zao kwa nyasi hizo hizo, paa nene kupita kimo cha mtoto mdogo, na waliozisokota na kuziezeka walikuwa wanawake, kwa sababu wanaume walikuwa baharini. Chumvi iliyobaki kwenye majani ilisaidia paa lisioze, na halikuwaka moto kirahisi. Baadhi ya mapaa hayo yalidumu mamia ya miaka.

Hapo nataka ukae kidogo, kwa sababu katika maelezo yako kuna maharamia, matajiri na wapiga mbizi, lakini sijaona anayevuna. Unguja kilimo cha mwani kilianza mwaka 1989 kwenye pwani ya mashariki, kwa mbegu zilizotoka Ufilipino, na tangu mwanzo waliokikamata ni wanawake. Wanashuka maji yakikupwa wakati wa bamvua, wanafunga vipande vya mwani kwenye kamba zilizowambwa baina ya vigingi, wanarudi baada ya wiki kadhaa kuvuna, wanabeba mzigo wenye maji kichwani, wanaanika. Bahari ilipozidi joto, aina yenye bei nzuri, inayoitwa cottonii, ikaanza kufa kwenye maji mafupi. Wakaambiwa waipeleke kwenye maji marefu, na wengi wao hawakuwa na vyombo wala hawakufundishwa kuogelea. Mnyamazi wako una wenyewe wa namna hiyo. Wanajua saa yake, wanajua upi unameza nini, na anayewanunulia anawalipa kwa kilo wakati yeye anauza kwa madirisha. Ukimwandika mmoja wao vizuri, maharamia watakuwa wapambe tu.

Na mmea unaweza kufa. Mwanzoni mwa miaka ya 1930 ugonjwa uliwakumba nyasi za Zostera pande zote mbili za Atlantiki ya Kaskazini, na karibu zote zikatoweka kwa muda mfupi. Mabata bukini waliozila walikufa njaa kwa wingi. Konokono mmoja mdogo, Lottia alveus, aliyeishi juu ya majani hayo tu, hakuonekana tena duniani. Weka mwaka mmoja kama huo katika historia ya visiwa vyako, mwaka ambao ukimya uliisha na kila nyumba ya siri ikaanza kusikika.

Matumizi mengine nitayataja kwa haraka. Ute wake utatumika kugandisha vyakula na kutengeneza dawa za kupaka, kama ute wa mwani wetu. Vibofu vitafungwa kwenye nyavu kama maboya. Linalonigusa zaidi ni ulinzi. Katika Bahari ya Kaskazini, mafundi wanapopigilia nguzo za mitambo ya upepo, hutandaza mabomba yenye matundu chini ya bahari na kusukuma hewa ili pazia la viputo lizunguke kazi yote, pomboo wasipoteze masikio. Mnyamazi ni pazia hilo linalojiotea lenyewe. Huku kwetu uvuvi wa baruti umeua miamba mingi. Mwaka 2015 watafiti waliopita pwani ya Tanzania wakiwa na maikrofoni za majini walinasa milipuko zaidi ya 300. Mlipuko huo ukiusikia kwenye vifaa vyako, samaki wanaopiga kelele mwambani wananyamaza wote kwa pamoja, na unabaki umekaa na vifaa masikioni huna la kufanya. Kama kuna kijiji katika riwaya yako kinachopanda mnyamazi kuzunguka mwamba wake, nitakisoma kijiji hicho mara mbili.

Ila usipande kila mahali. Mwamba wenye afya una kelele: samaki wanakoroma na kugonga meno, na kamba wadogo wenye gando moja kubwa wanalifyatua kwa kasi hadi kiputo kinatokea na kupasuka, maelfu yao kwa pamoja, kama mafuta ya moto yanayomwagiwa maji. Katika Vita Kuu ya Pili nyambizi zilijificha ndani ya kelele hizo. Makinda ya samaki wanaozaliwa na kuchukuliwa na mkondo hurudi mwambani kwa kuusikia. Utafiti uliochapishwa 2005 ulionyesha kwamba miamba midogo ya kutengenezwa iliyowekewa spika zenye sauti za mwamba ilivuta makinda wengi kuliko iliyoachwa kimya. Mwamba uliozungukwa wote na mnyamazi utalindwa na baruti, na miaka michache baadaye utakosa watoto. Wanawake wanaovuna watakuwa wanajua hili pia. Wataacha mlango upande wa mkondo, upana wa ngalawa mbili, na kuufyeka kila bamvua.

Mpiga mbizi wako atakapoingia, basi, aingie kwa mlango huo. Kwanza atasikia mkaango wa kamba pande zote. Akipenya kati ya mashina, mkaango utapungua, milio myembamba ikitangulia kupotea, kisha makasia ya wanaomtafuta juu. Mioyo ya watu waliofungiwa katika vyumba visivyo na mwangwi husikika kwa wenyewe, na yeye atausikia wake. Jua likianza kushuka, sauti moja moja zitaanza kurudi, na kwa hizo atajua amebakiwa na muda gani.